Albamu zote za Talking Heads kwa sauti isiyopunguzwa: mwongozo kamili, kuanzia kuchagua toleo mpaka kusikiliza

Wadau, hii ni ndefu kidogo kwaiyo kaeni vizuri. Mtu anayetaka kuzipitia albamu za Talking Heads zote, kuanzia ile ya 1977 mpaka ya 1988, kitu cha kwanza anachofanya ni kutafuta faili kubwa kuliko zote, biti 24, namba nyingi nyingi, akiamini hapo ndo amefika. Mi nasema kwa bendi hii hapana. Toleo unalochagua linabadilisha sauti kuliko ukubwa wa faili. Unaweza kuwa na faili ya gigabaiti nzima ikakusikika vibaya kuliko nakala ya CD ya zamani, na nitaeleza kwa nini.

Hii ni bendi ya New York, walianza 1975: David Byrne anaimba na gitaa, Tina Weymouth besi, Chris Frantz ngoma, alafu Jerry Harrison akaongezeka kwenye kinanda na gitaa. Walikua kwenye ukumbi wa CBGB pamoja na wale wa punk ila wao walikuwa kitu kingine, ndo hiyo watu wakaiita new wave. Nawachukua wao na sio bendi nyingine ya zama zile kwa sababu muziki wao una tabaka nyingi, vyombo vidogo vidogo vinavyogongwa nyuma, magitaa mawili matatu yanayojibizana, na hivyo ndo vitu vya kwanza kuumia faili ikibanwa vibaya.

Hatua ya 1: elewa unachokitafuta

CD ya kawaida inachukua sampuli 44,100 kwa sekunde, kila sampuli biti 16, chaneli mbili. Ukipiga hesabu inakuja kilobiti 1,411 kwa sekunde. Mp3 ya 128 inakupa chini ya sehemu ya kumi ya hapo, sasa jiulize zile nyingine zimeenda wapi. Zimetupwa. Programu imekadiria sikio lako halitazikumbuka, ikazifuta, na hazirudi tena hata ukiibadilisha faili kuwa kitu gani.

FLAC na ALAC, aina mbili za faili za sauti isiyopunguzwa, zinafanya kazi tofauti kabisa. Hizi zinakunja nguo iingie kwenye begi, mp3 inakata mikono ya shati. Ukiifungua FLAC unapata biti zile zile za kwenye CD, moja baada ya nyingine, na faili imepungua mpaka kwenye asilimia 50 hadi 70 ya ukubwa wake. FLAC ni ya kila mtu na ipo tangu 2001, ALAC ni ya Apple na tangu 2011 nayo iko wazi. Kwenye sauti hazina tofauti yoyote, usibishane na mtu juu ya hilo, chagua kulingana na kifaa chako basi.

Sasa zile za biti 24, kilohezi 96 au 192. Biti 16 zinakupa nafasi ya desibeli kama 96 kati ya sauti ndogo kabisa na kubwa kabisa, na 44,100 inabeba masafa mpaka kilohezi 22 hivi wakati sikio la binadamu likiwa zima linaishia 20, na umri ukienda linapungua. Albamu hizi zilirekodiwa kwenye tepu, tepu ina mvumo wake wenyewe ambao uko juu kuliko sakafu ya biti 16. Kwaiyo faili ya biti 24 ina maana tu kama imetoka kwenye masta tofauti (masta ni ile rekodi ya mwisho iliyosawazishwa ambayo nakala zote zinatolewa kwake) iliyotengenezwa vizuri zaidi. Kama ni masta ile ile, unajaza simu tu.

Na tuwe wakweli, mp3 ya 320 iliyotengenezwa vizuri watu wengi hawaitofautishi na CD, mi nikiwemo kwenye nyimbo nyingi. Sababu za kutaka sauti kamili bado zipo: unaiweka mara moja na umemaliza, unaweza kuigeuza kuwa faili ndogo ya kwenye simu wakati wowote bila kupunguza juu ya kilichopunguzwa, na ukitumia Bluetooth inayobana sauti tena basi angalau inabana kitu kizima.

Hatua ya 2: ijue orodha yenyewe

Albamu za studio ziko 8: Talking Heads: 77 (1977), More Songs About Buildings and Food (1978), Fear of Music (1979), Remain in Light (1980), Speaking in Tongues (1983), Little Creatures (1985), True Stories (1986) na Naked (1988). Za laivu kubwa ni mbili, The Name of This Band Is Talking Heads (1982) na Stop Making Sense (1984). Mkusanyiko wa nyimbo bora achana nao kwanza, utakuja kuuhitaji baadae au usiuhitaji kabisa.

Ukizichukua 8 za studio kwa ubora wa CD kwenye FLAC hesabu kama gigabaiti 2 na nusu hivi, ukiongeza za laivu unafika 4. Sio nyingi. Ukienda kilohezi 96 na biti 24 zidisha kwa mara tatu au zaidi.

Hatua ya 3: chagua toleo, na hapa usikimbie

Kuna familia kuu mbili. Ya kwanza ni CD za miaka ya 80, zilizotoka kampuni ya Sire kule Marekani na zile za mwisho kampuni ya EMI kwa Uingereza. Ya pili ni rimasta za 2005 (yani masta zilizotengenezwa upya), zilizotoka kwanza kama boksi moja jeupe linaloitwa Brick lenye albamu zote 8, alafu 2006 zikauzwa moja moja. Jerry Harrison mwenyewe alisimamia ile kazi pamoja na fundi wa miksi E.T. Thorngren, wakatengeneza na miksi ya spika 5.1.

Tofauti yake ukiisikia huisahau. CD za zamani ziko chini kwa sauti, unalazimika kuongeza volyumu, na baadhi ni nyembamba kwenye besi. Ila zinapumua, yani ngoma ikipigwa unasikia ile nguvu ya kwanza kabla haijatulia. Rimasta za 2005 ziko juu, besi imenenepa, vitu vimesogezwa mbele, na kwa gharama ya hapo umbali kati ya sauti ndogo na kubwa umepungua. Zilitengenezwa wakati ule ambao kila mtu alikuwa anashindana CD yake isikike kubwa kuliko ya jirani. Hazijaharibika vibaya kama CD nyingine za zama zile, ila ukisikiliza albamu mbili mfululizo kwenye hedifoni unachoka mapema.

Maoni yangu, na sikulazimishi: Remain in Light na Fear of Music tafuta CD ya zamani kwanza. 77 na More Songs rimasta inazisaidia, zile za zamani zimekauka mno. Little Creatures na kuendelea chukua yoyote, zilirekodiwa kwa usafi mpaka tofauti haikuumizi kichwa.

Vitu vitatu vya kuangalia. Mosi, rimasta zimeongezewa nyimbo za ziada mwishoni. Ile ya Remain in Light ina vipande vinne ambavyo havikumaliziwa, kimoja kinaitwa kabisa Fela's Riff, na ni vitamu kwelikweli kwa anayetaka kujua albamu ilivyozaliwa, ila visikuharibie mwisho wa albamu. Albamu ile inaisha taratibu, nzito, giza, na ilikusudiwa kuishia pale. Pili, Speaking in Tongues ina urefu tofauti, kwenye santuri nyimbo kadhaa zilifupishwa na kwenye kaseti zikaachwa ndefu, na ndefu ndo zilizokuja kwenye CD. Ukiona za kwako ni fupi ujue ni nakala iliyotoka kwenye santuri. Tatu, kwenye lile boksi la Brick diski zake ni za pande mbili, upande mmoja CD na mwingine DVD, na ule upande wa CD hauendani kikamilifu na vipimo vya CD, kwaiyo draivu nyingine zinagoma kuusoma. Ukinunua lililotumika uliza kwanza.

Kwenye apu za kustrimu unachopewa mara nyingi ni rimasta. Soma jina la albamu mpaka mwisho, ukiona Remastered au Deluxe umeshajua uko familia gani.

Hatua ya 4: zipate

Njia ya kwanza ni kustrimu. Apple Music imeweka sauti kamili tangu 2021 bila kuongeza bei, ila haiwaki yenyewe, lazima uingie kwenye mipangilio ya muziki, ubora wa sauti, uwashe Lossless. Tidal, Qobuz, Deezer na Amazon Music nao wanayo, na Spotify waliiongeza 2025 kwa wanaolipia. Na huko nako angalia mipangilio, kwa sababu apu nyingi zina ubora wa Wi-Fi peke yake, wa bando peke yake na wa kushusha peke yake, mtu anabadilisha kimoja anaridhika, kumbe akitoka nje anasikiliza kile kidogo. Albamu ya dakika 40 kwa ubora wa CD ni kama megabaiti 250, kwaiyo shusha ukiwa kwenye Wi-Fi.

Njia ya pili ni kununua faili, Qobuz wanauza FLAC unashusha zinakuwa zako. Kabla hujalipa kwa biti 24 sikiliza kipande na uangalie ni toleo la mwaka gani.

Njia ya tatu ndo naipenda, CD yenyewe. Zilizotumika zimejaa, na ndo njia pekee ya kupata masta za miaka ya 80 bila kubahatisha. Hapo unahitaji draivu ya CD ya USB na programu. Windows tumia Exact Audio Copy, Mac tumia XLD, Linux kuna whipper. Usitumie programu yoyote tu inayokuja na kompyuta, kwa sababu nyingi zinasoma CD mara moja zikikutana na mkwaruzo zinakisia na hazikwambii.

Kwenye Exact Audio Copy fanya hivi. Mara ya kwanza ukiifungua itakuuliza kuhusu draivu yako, kubali ijipime, weka hali ya usomaji salama, alafu weka CD yoyote maarufu ili AccurateRip (hifadhi ya mtandaoni ya kulinganisha nakala za CD) itambue draivu yako inaanzia kusoma wapi (kila draivu inachelewa au inawahi sampuli kadhaa). Chagua FLAC, kiwango cha kubana 5 au 8, hakibadilishi sauti hata chembe, ni muda na ukubwa tu. Alafu usibonyeze nakili peke yake, bonyeza jaribu na nakili, inasoma kila wimbo mara mbili.

Ikimaliza inakupa ripoti. Watu wanaifunga bila kuisoma, we isome. Kwenye kila wimbo utaona mistari miwili, Test CRC na Copy CRC, kila mmoja una herufi na namba nane. Zikiwa sawa maana yake mara zote mbili draivu imesoma kitu kile kile. Chini yake AccurateRip inakwambia kama nakala yako inafanana na za watu wengine wenye CD hiyo hiyo duniani. Zote mbili zikikubali umemaliza, hutarudia tena kuigusa ile CD. Wimbo mmoja ukikataa, toa CD, ifute kwa kitambaa laini kutoka katikati kwenda nje (sio kwa kuzungusha), rudia wimbo huo tu. Ripoti ihifadhi kwenye folda pamoja na nyimbo.

Hatua ya 5: hakiki faili za watu

Ukipewa faili na mtu, au umezikuta kwenye grupu, usiamini jina. FLAC nyingi zinazozunguka ni mp3 iliyovalishwa koti. Shusha programu inaitwa Spek, ya bure, iburutie wimbo ndani itakuchorea picha ya masafa. CD ya kweli rangi zinapanda mpaka karibu na 22. Mp3 ya 128 inakatwa kwenye 16 kama imepigwa rula, ya 320 kwenye 20 hivi. Kinachotakiwa kukushtua ni ule mstari ulionyooka, sio rangi kufifia, kwa sababu rekodi ya tepu ya 1977 inaweza kufifia taratibu huko juu na ikawa halali kabisa. Na faili ya kilohezi 96 ambayo juu ya 22 ni weusi mtupu, hiyo ni CD iliyopuliziwa hewa.

Hatua ya 6: tegi na folda

Hii nitaipita haraka. Tegi ni yale maelezo yaliyomo ndani ya faili, jina la wimbo, albamu, mwaka. Mp3tag au MusicBrainz Picard zinamaliza kazi. Kwenye tegi ya mwaka weka mwaka wa albamu kutoka mara ya kwanza, sio wa rimasta, vinginevyo programu itazipanga albamu zote 8 kwenye 2005 na mpangilio wote umekufa. Mwaka wa toleo uandike kwenye jina la folda, mfano Remain in Light [1980] CD ya zamani. Kama hujui CD yako ni ya lini angalia zile namba ndogo zilizochorwa upande unaong'aa karibu na tundu la katikati, zitafute kwenye tovuti ya Discogs.

Hatua ya 7: njia ya sauti mpaka sikioni

Hapa ndo wengi wanapoteza walichokihangaikia. Bluetooth inabana sauti. Kodeki (njia ya kubana sauti) ya kawaida ya SBC inaishia kwenye kilobiti 328 hivi, LDAC ikiwa vizuri kabisa inafika 990, na CD ni 1,411 kama nilivyosema. Sio kwamba itasikika vibaya, LDAC iko poa, ila sio sauti kamili tena, usijidanganye. Waya.

Simu isiyo na tundu la hedifoni inahitaji adapta ya USB-C, na ile adapta ndogo ya Apple inafika biti 24 kilohezi 48, inatosha na inabaki kwa kazi hii. Android kawaida inachukua kila kitu inakigeuza kuwa kilohezi 48 kabla ya kukitoa, ukitaka kuikwepa hiyo kuna USB Audio Player PRO inayoongea na adapta moja kwa moja. Poweramp na VLC nazo nzuri kama hujali hilo. Kwenye iPhone apu ya muziki haipokei FLAC, geuza ziwe ALAC (hupotezi chochote, unabadilisha begi tu) au tumia VLC.

Kwenye Windows foobar2000, weka matokeo kwenye WASAPI ya kipekee (exclusive, njia ya programu moja kuishika kadi ya sauti peke yake) ili sauti za meseji na vinginevyo zisichanganyike humo. Mac fungua Audio MIDI Setup uweke 44,100 kwa CD. Alafu zima vikorombwezo vyote, ikwalaiza, Dolby, sauti ya pande zote, kuongeza besi, kila kitu. Simu nyingi zinakuja navyo vimeshawashwa tayari.

Hedifoni sio lazima ya gharama. Muhimu iwe na waya na iwe inakaa vizuri. Kama ni zile za kuingiza sikioni badilisha vile vimpira mpaka upate vinavyoziba, vikiacha mwanya besi yote ya Tina inaondoka na utailaumu rimasta bure.

Hatua ya 8: sawazisha volyumu kabla ya kulinganisha

Ukitaka kujua toleo gani ni bora kwako, lazima ziwe na sauti sawa. Sikio likisikia kitu kikubwa kidogo tu linakiita kizuri, na rimasta iko juu, kwaiyo itashinda sekunde ya kwanza kila siku. Kwenye foobar2000 chagua toleo zote mbili, zipime kwa ReplayGain (inayopima na kusawazisha ukubwa wa sauti), weka hali ya albamu na sio ya wimbo mmoja mmoja (ukiweka ya wimbo, wimbo wa kimya utapandishwa ulingane na wa kelele na albamu inapoteza umbo). Alafu kuna kijiprogramu cha ABX, kinakuchezea bila kukwambia ni ipi, unakisia, kinahesabu. Fanya na mp3 yako ya 320 dhidi ya FLAC pia. Kinashusha kiburi, ila ni kizuri.

Hatua ya 9: sasa sikiliza, kwa mpangilio wa miaka

Zima shafo. Washa kucheza bila mapengo. Albamu moja kwa kikao, ni dakika 40 tu.

77 ni bendi ya watu wanne chumbani, kavu, hakuna mapambo. Fuata besi. Kwenye Psycho Killer besi inaanza peke yake na kila kitu kinakuja kuiegemea, na ukiwa na faili nzuri unasikia kidole kikiachia nyuzi.

More Songs ndo Brian Eno anaingia kama prodyuza, wanarekodi Compass Point kule Bahamas. Sikia ngoma zimebadilika, zina mwangwi na mikwaruzo ambayo haikuwepo. Sikiliza wanavyoupunguza mwendo wimbo wa Al Green, Take Me to the River, polepole mpaka kila pigo lina nafasi yake.

Fear of Music walirekodi msingi wake nyumbani kwa Chris na Tina, gari la studio limepaki nje na waya zikipita dirishani. Wimbo wa kwanza, I Zimbra, maneno yake hayana lugha, ni shairi la Hugo Ball la harakati ya sanaa ya Dada, na gitaa la Robert Fripp liko humo. Huo ndo mlango wa albamu inayofuata. Usikilize mara mbili, mara ya pili achana na sauti za watu ufuate ngoma za mkono tu.

Remain in Light kaa nayo. Walikuwa wanamsikiliza sana Fela Kuti wa Nigeria, wakaingia studio bila nyimbo, wakapiga vipande vifupi vinavyojirudia kwa mkono, tabaka juu ya tabaka, alafu wimbo ukaja kutengenezwa kwenye meza ya miksi kwa kufungua na kufunga chaneli. Ndo maana nyimbo nyingi zinabaki kwenye kodi moja mwanzo mwisho na bado hazichoshi, kinachobadilika ni nani yupo na nani katoka. Chukua wimbo wa kwanza. Weka hedifoni, sikiliza sikio la kushoto tu mpaka mwisho, kisha anza upya na la kulia tu, kisha yote. Utakuta magitaa ambayo hukujua yapo, moja linakwaruza tu halipigi noti, na katikati linakuja lile solo la Adrian Belew ambalo haliko kama gitaa, liko kama mashine imekwama inatoa milio. Kwenye mp3 mbovu lile solo na vile vyombo vya kutikisa vinakuwa uji mmoja. Kwenye CD ya zamani kila kimoja kinasimama pake.

Once in a Lifetime nayo ina mchezo wake. Eno aliisikia pigo la kwanza mahali tofauti na walipolisikia bendi, na hawakulisawazisha, wakaacha pande zote mbili ziwepo. Hesabu moja mpaka nne kwa kufuata besi, alafu rudia kwa kufuata sauti za kuitikia, uone utakavyoyumba. Mwishoni kabisa organi ya Harrison inaingia juu ya vyote, na hapo ndo unaona tofauti ya masta: kwenye iliyobanwa organi inaingia na vingine vinasinyaa kidogo kumpisha, kwenye isiyobanwa inaongezeka tu.

Ukimaliza hiyo kabla hujaendelea sikiliza albamu ya Angélique Kidjo ya 2018, mwanamama wa Benin alirekodi upya Remain in Light yote, na kwenye ngoma yupo Tony Allen, yule yule aliyekuwa akimpigia Fela. Kitu kilitoka Lagos kikaenda New York kikarudi kwa wenyewe.

Speaking in Tongues Eno hayupo, wamejisimamia wenyewe, wamekuja Bernie Worrell na Wally Badarou kwenye vinanda. Burning Down the House ndo pekee iliyoingia kumi bora Marekani. Ila wimbo wa mwisho, This Must Be the Place, walibadilishana vyombo, Tina kashika gitaa, na ndo maana uko mwepesi vile, kila mtu anapiga kitu kidogo na hakosei.

Little Creatures na True Stories ni nyimbo za kawaida zaidi, zimesafishwa, sikiliza kwa raha bila darubini. Wimbo Radio Head, wa True Stories, ndo ulioipa jina ile bendi ya Uingereza, Radiohead. Naked walirekodi Paris na prodyuza Steve Lillywhite pamoja na wanamuziki wengi wa Kiafrika waliokuwa pale, Abdou M'Boup kwenye ngoma, kora ya Mory Kanté, Badarou tena, na gitaa la Johnny Marr kwenye Nothing But Flowers. Hii watu wanaidharau na mi siwaelewi. Ukiwa na faili nzuri na muda ni albamu iliyojaa vitu kuliko zote baada ya ile ya 1980.

Za laivu ziache mwisho. The Name of This Band tafuta toleo la CD la 2004, lina nyimbo nyingi kuliko santuri ya 1982, na linakupeleka kutoka bendi ya watu wanne mpaka ile kubwa ya jukwaa zima. Stop Making Sense ina matoleo matatu na wengi wanayachanganya: la 1984 lina nyimbo 9 tu, la 1999 lina 16, la 2023 ndo konsati nzima na nyimbo zilizokuwa zimeachwa, Cities mojawapo. Konsati ni ya Desemba 1983 ukumbi wa Pantages, Hollywood. Chukua la 2023 kwa kusikiliza mfululizo, na ukiweka yote matatu kwenye maktaba moja andika mwaka wa toleo kwenye jina la albamu, sio folda tu, la sivyo programu itayaunganisha kuwa albamu moja yenye Psycho Killer tatu zinazofuatana.